‘Tumekuja kuomba jiko!’ Kauli iliyonusurisha posa kuvunjika

WIKI hii tukae chini tupige stori za jikoni. Na wewe kaka usigeuze ukurasa ukadhani hii ni safu ya akina dada ya kupika maandazi. Yanakuhusu, tena sana, hasa kama uko mbioni kupeleka barua ya posa.

Nina mshikaji wangu mmoja hapa Dar, kijana mtaratibu, ana kazi yake na chumba chake kimoja cha kupanga pale Magomeni. Alimpata binti wa Temeke, mhasibu katika kampuni moja ya mjini, wakapendana, mwisho wakakubaliana wazee wahusishwe. Siku ikapangwa, barua ikaandikwa, mshenga akatafutwa, mzee mmoja mwenye kofia ya viua na maneno kama asali. Wakaenda.

Kufika kule, salamu zikapigwa, soda zikanywewa, mshenga akakohoa kidogo akaanza mambo yake. “Ndugu zetu,” akasema, “huyu kijana wetu amechoka kula kwa mama ntilie. Tumepita hapa tukaona moshi, tukasema bila shaka hapa pana jiko. Basi tumekuja kuliomba.” Wazee wakacheka kwa raha zao, maana hiyo ndiyo lugha wanayoijua tangu enzi.

Kumbe binti yuko chumbani na shangazi zake, anasikia kila neno kupitia pazia. Mara shangazi mmoja akatoka, uso umemshuka, akasema katumwa. “Anasema hivi: kama mnatafuta jiko, nendeni Gerezani, yako tele, ya bei zote, na mafundi watawapunguzia.”

Loh! Mshenga jasho likamtoka. Mzee mwenye nyumba akaokoa jahazi kwa kusema barua imepokelewa, majibu yatakuja. Wiki ya kwanza kimya. Wiki ya pili kimya. Mshikaji akaanza kukonda, simu haipokelewi, ujumbe haujibiwi. Siku moja akanifuata kijiweni, macho mekundu. “Wewe mtu wa magazeti,” akaniambia, “hebu nieleze. Jiko lina ubaya gani?”

Swali lake lilinifanya niingie mtaani na kwenye makamusi kumtafuta huyu jiko ni nani hasa. Niliyoyakuta ndiyo haya.

JIKO SI CHOMBO

Ukimwuliza kijana wa mjini leo jiko ni nini, atakuonyesha kitu cha bati au cha chuma. Kuna jiko la mkaa, jiko la gesi, jiko la umeme, jiko la pumba za mbao, na lile lililotulea wengi wetu, jiko la mchina la mafuta ya taa, lenye tambi zake zinazotaka kukatwa kila baada ya siku mbili la sivyo chai inanuka. Kitu unakinunua, unakibeba, ukihama unahama nacho.

Lakini neno lenyewe ni la zamani kuliko bati. Jiko lilikuwa mahali. Pale chini, mawe matatu, kuni katikati, chungu juu, basi hapo ndipo jikoni. Ushahidi uko kwenye wingi wake. Jino moja, meno mengi. Jiko moja, meko mengi. Ndivyo wazee wanavyosema hadi kesho. Sisi wa mjini tulipoanza kununua majiko dukani ndipo tukaongeza ‘ma’ yetu, na leo ukiingia dukani ukasema unataka meko mawili ya gesi, muuzaji atakuangalia mara mbili. Meko yamebaki kuwa mahali, majiko yamekuwa bidhaa. Hakuna aliyekaa kikao kuamua hivyo, watu waligawana tu maana.

Kisha neno hili limetembea. Ukienda Rwanda utasikia iziko, na maana ni hii hii. Wakikuyu wa Kenya wana riko lao. Shuka mpaka kule mwisho wa bara, Cape Town, kuna makumbusho makubwa ya taifa yanayoitwa Iziko, na hilo ni neno la Kixhosa lenye maana ya meko, pale watu wanapokusanyika kuota moto na kusimuliana. Hebu fikiria, kutoka Magomeni hadi Cape Town ni maelfu ya kilomita, lakini bibi wa kule na bibi wa huku wakikaa pamoja wataelewana wakifika kwenye chungu.

Majirani wengine lakini, chombo cha mkaa wanakiita vingine. Rwanda na Burundi husema imbabura, Lubumbashi kule Kongo ni mbabula, na Zambia ni mbaula. Waganda wana sigiri, ambalo pia husikika Kenya, na watu wazima wa Mombasa na Unguja bado wanalikumbuka seredani. Hata hivyo kwa Mkenya wa kawaida, ukisema jiko bila kuongeza neno, anaona jiko la mkaa. Huko ndiko jiko lilipopata umaarufu wa kimataifa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 yalitengenezwa Nairobi majiko yale yenye kiuno, bati nje na udongo wa kuchoma ndani, kwa kuiga na kurekebisha majiko ya ndoo ya Thailand. Mafundi wa jua kali wakayadaka, yakasambaa nchi nyingi za Afrika kwa sababu yanakula mkaa kidogo, na wataalamu wa Ulaya na Marekani wakalichukua neno lenyewe vile vile, wakaandika ‘jiko’ kwenye vitabu vyao vya Kiingereza bila kulitafsiri. Si maneno mengi ya Kiswahili yamepata nauli hiyo.

FIGA NA ‘FIGA’

Hapa nitasimama kidogo kwa sababu pana kichekesho.

Yale mawe matatu ya jikoni yanaitwa mafiga, moja ni figa. Pwani wengine husema jifya, na mengi mafya. Sasa nilipokuwa nazunguka na uchunguzi wangu, niliwauliza vijana watano waliokuwa wamekaa kwenye bodaboda zao pale Manzese: “Figa ni nini?” Wote watano walicheka. Mmoja akachora hewani kwa mikono miwili umbo la namba nane. “Figa si hiyo bro? Figa namba nane!” Lile jiwe hawalijui kabisa. Kwao figa ni ile ya Kiingereza, umbo la dada akipita. Bibi yangu angesikia mtu anamsifia mjukuu wake kwamba ana figa nzuri angemchapa na mwiko, maana kwake hiyo ni kumwambia mtoto wa watu amekaa kama jiwe lenye masizi.

Methali bado wanaikumbuka kidogo: figa moja haliinjiki chungu. Kuinjika ni kukiweka chungu motoni, sisi tunasema kubandika sufuria, na wengine wa pwani wanasema kuteleka. Ukishaivisha unaepua. Mawe lazima yawe matatu. Mawili, chungu kinaanguka. Manne, hakikai sawa.

Sasa hesabu hiyo ya tatu imetumika kwa mengi. Wapiga debe wa CCM wamewahi kuzunguka na mafiga matatu wakati wa uchaguzi mkuu, wakiwa na maana ya rais, mbunge na diwani, yaani mpiga kura ayatoe yote kwa chama kimoja ili chungu kisimame. Wajuzi wa maneno ya mtaani nao wakayachukua mafiga hayo hayo wakayapeleka uchochoroni. Dada akisema ana mafiga matatu, ujue kuna mmoja wa kodi ya nyumba, mmoja wa matumizi, na wa tatu ndiye wa moyo. Wengine wanaligeuza kuwa mzaha kamili, “shosti, chungu hakikai kwenye figa moja bwana.” Nami si padri wala shehe, lakini nina umri wa kutosha kukumbuka tulivyozika marafiki katika miaka ya 1990 kwa ugonjwa uliokuwa ukizunguka kwenye mafiga ya namna hiyo, kutoka jiwe hadi jiwe, na wanaume ndio waliokuwa na mafiga mengi zaidi ingawa wao hawakuyapa jina. Mzaha ni mzuri, lakini huo haunichekeshi.

Kwa Waganda jiwe la jiko ni essiga, na neno hilo hilo ndilo jina la tawi la ukoo. Yaani ukoo umesimama juu ya mawe yake kama chungu. Na Wanyarwanda wanasema ishyiga. Hilo jiwe, kwa hiyo, ni kaka wa figa letu.

NANI ALIMFANYA MKE KUWA JIKO?

Turudi kwa mshikaji. Kupata jiko ni kuoa. Hilo liko kwenye makamusi yetu, na liko mitaani Dar, Mombasa na Nairobi. Magazeti yetu haya ya rangi ndiyo yameongeza mafuta. Msanii akioa, kichwa cha habari tayari: fulani avuta jiko. Nakiri hata mimi nimewahi kuandika hivyo, tena nikaona nimeandika vizuri.

Mantiki yake ya zamani si ngumu kuiona. Kijana asiyeoa alikula kwa mama yake. Akioa, moto mpya unakokwa, mawe matatu mapya yanawekwa, na watu wakiona moshi wa ziada asubuhi wanajua kuna nyumba imeongezeka. Moto wenyewe mara nyingi ulitoka kwa jirani, maana kiberiti hakikuwepo. Mtu anakwenda na kigae anachukua kaa la moto anarudi mbio kabla halijazimika, ndiyo maana hadi leo mgeni akiaga mapema tunamwambia, “Vipi, umefuata moto?” Kwa hiyo ‘amepata jiko’ ilikuwa sawa na kusema amepata kwake. Mji wake umeanza.

Nyumba za uswahilini zilijengwa kwa akili hiyo. Korido katikati, vyumba huku na huku, nyuma kuna ua, na kule uani ndiko jiko lilipo pamoja na choo na bafu. Nyumba moja, ua mmoja, jiko moja. Leo nyumba hiyo ina wapangaji sita na kila mlango una jiko lake limekaa koridoni kama mbwa wa ulinzi. Ukitaka kujua nani hana maelewano na nani, angalia tu nani ameligeuzia nani moshi.

Tatizo ni kwamba neno halikuishia kwenye mji kuanza. Lilimshukia mwanamke peke yake likabaki hapo hapo. Hakuna binti anayeolewa akasema “nimepata jiko.” Yeye ndiye jiko, mwenzake ndiye mwenye jiko. Na kwa kuwa jiko siku hizi ni kitu cha kununua, kubeba na kubadilisha likitoboka, binti wa leo akisikia anaitwa hivyo haoni mawe matatu ya bibi, anaona bati la Gerezani. Nilipofika hapo nikaanza kumwelewa yule mhasibu.

Mama mmoja wa makamo, kungwi anayeheshimika huko Mbagala, alinicheka nilipomweleza. Kwa mujibu wake, katika mafunzo ya wari jiko lina maana nyingine nyingi, za kuwasha, za kuchochea na za kutoliacha lizimike usiku. Alinieleza tatu, na zote mhariri wangu amezikata.

Tena kuna unafiki mwingine hapa. Mwanaume anayeonekana jikoni kwake tunamsema, eti anafunuafunua masufuria. Haya, nenda barabara yoyote ya Dar saa mbili usiku uangalie nani amesimama kwenye mafuta ya moto akigeuza chipsi mayai. Ni vijana wa kiume watupu! Nenda hoteli kubwa za mjini, wapishi wengi wenye kofia ndefu ni wanaume. Jiko likilipa mshahara halina jinsia. Likiwa la nyumbani ndipo linavaa khanga.

JIKONI KWA WAKUBWA

Kuna jikoni nyingine ambayo hata wanaume wanaigombania. “Fulani ni mtu wa jikoni,” maana yake yuko karibu na wakubwa, anajua kinachopikwa kabla hakijapakuliwa. Sisi waandishi tunaishi kwa hao. “Habari kutoka jikoni zinasema…” ukisoma hivyo ujue kuna mtu ametunong’oneza na hataki jina lake litajwe. Kutoka hapo ndipo tunapata matokeo ya kupikwa, takwimu za kupikwa, na mtu mchochezi, maana uchochezi nao ulianzia kwenye kusukuma kuni ndani. Tazama ajabu hiyo: jikoni kwa mama ni mahali pa chini, jikoni kwa waziri ni mahali pa juu. Moto ni ule ule.

KABLA HUJALALA

Sasa naomba nitoke kwenye maneno, maana wasomaji wangu wengi mnaishi geto, chumba kimoja, mlango mmoja, dirisha limezibwa na pazia zito kwa ajili ya mbu.

Usiingize jiko la mkaa ndani ukalala. Nasema tena, hata kama mvua inanyesha, hata kama ni baridi ya Njombe au Arusha, hata kama mkaa unaonekana umeshakuwa jivu. Mkaa unaowaka kwenye chumba kisichopitisha hewa unatoa hewa iitwayo kaboni monoksaidi. Haina rangi, haina harufu, haikoholeshi kama moshi wa kuni, ndiyo maana inamkuta mtu amelala. Inaingia kwenye damu na kushika mahali pa oksijeni, tena inashika kwa nguvu zaidi ya mara 200. Dalili ni kichwa kuuma, kizunguzungu, kichefuchefu na usingizi mzito. Mtu anadhani ni malaria au uchovu, anajilaza. Ukijisikia hivyo na kuna jiko ndani, toka nje kwanza, fungua mlango na dirisha, ita watu, mwahi hospitali. Kila msimu wa baridi tunaandika habari ya watu waliokutwa asubuhi hawaamki, wakati mwingine familia nzima, na pembeni kuna jiko lenye majivu.

Hata kwa wanaopika mchana, moshi una gharama yake. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba moshi wa majumbani uliua watu milioni 3.2 duniani katika mwaka 2020 peke yake, na wengi walioumia zaidi ni wanawake na watoto, kwa sababu ndio wanaokaa karibu na hayo meko. Mwezi Mei 2024 Serikali ilizindua mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, wenye lengo la kuwafikia Watanzania asilimia 80 ifikapo 2034. Lengo zuri, ila kwenye korido zetu kinachoamua bado ni bei. Mtungi wa gesi unataka pesa nyingi kwa mkupuo, mkaa unauzwa kwa kopo, na mwenye nyumba hataki kusikia jiko la umeme kwa sababu ya ugomvi wa LUKU.

MAJIBU YA POSA

Nilimweleza mshikaji yote haya, toka iziko mpaka essiga. Akanisikiliza, kisha akaniuliza, “Sasa nifanye nini?” Kweli kabisa, uchunguzi wangu haukuwa na jibu la hilo.

Jibu lilitoka Temeke kwenyewe. Bibi yake binti, mzee sana, ndiye aliyewakalisha chini wote. Alimwambia mjukuu wake kwamba mshenga hakumtukana, alisema kama walivyosema wakati wake, na wakati huo mwenye jiko ndiye aliyekuwa mwenye nyumba, mume alikaribishwa. Binti akajibu, “Bibi, mimi niliposikia ‘tumekuja kuliomba’ nilijiona nabebwa kichwani kama mzigo wa soko.” Bibi akanyamaza kidogo, akasema basi aje mwenyewe, bila mshenga, aseme anachotaka bila kutaja chombo chochote.

Mshikaji akaenda Jumapili mchana, peke yake, shati limenyooka, mikono inatetemeka. Sikuwepo, lakini shangazi mtu, ambaye naona ndiye mtu wa jikoni wa nyumba ile, alinipa habari zote. Alisimama sebuleni mbele ya bibi na wazazi, akasahau yote aliyoyapanga, akasema tu, “Nimekuja kwa sababu namtaka yeye.” Pazia likacheka.

Siku ya kichen pati, walioingia wananiambia zawadi zilifurika ukumbi. Majiko ya gesi pekee yalikuwa matatu, na rafiki mmoja wa bibi harusi, mtundu, akaleta jiko la mkaa kutoka Gerezani limefungwa utepe mwekundu. Binti aliinuka akalipokea kwa vigelegele.

Jiko hilo liko hadi leo, uani kwao, chini ya mwembe. Wamehama Magomeni, wana vyumba viwili sasa. Jumapili mshikaji ndiye analiwasha, anapika pilau, na pilau lenyewe kila mara linashika ukoko ambao anadai ameutaka makusudi. Tukifika tunamwita Jiko. Anaitika.